Namna ya Kubuni Sanamu Inayoitikia Mwanga katika Hadithi ya Kifantasia

Mwandishi wa hadithi za kifantasia akishaupata ulimwengu wake, hakawii kutamani kuweka ndani yake sanamu yenye uhai: jiwe linalofumbua macho jua linapochomoza, shaba inayogeuza shingo kuufuata mwezi, au kinyago kinachonyamaza mchana kutwa na kuimba taa inapowashwa. Tamaa hiyo ni njema, kwa kuwa mwanga ni kitu ambacho kila msomaji anakifahamu kwa ngozi yake mwenyewe, na jiwe ni kitu ambacho kila msomaji anaamini kwamba hakina hisia, hivyo kukutana kwa viwili hivyo kunatosha kuzaa ajabu bila maneno mengi. Hata hivyo, sanamu nyingi za namna hii hupoa kabla sura ya kwanza haijaisha, na sababu huwa ni ileile: mwandishi ameibuni sanamu kwanza, kisha akauleta mwanga mwishoni kama swichi ya kuwasha na kuzima pale shujaa anapohitaji msaada.

Mwongozo huu unapendekeza utaratibu wa kinyume. Anza na jua linalopita juu ya mahali sanamu ilipo, endelea na kitu ilichotengenezwa nacho, na mwitikio wenyewe uuache uzaliwe na viwili hivyo. Utaratibu huu una kazi zaidi, lakini humpa mwandishi matukio ambayo asingeyafikiria akiwa amekaa mezani na wazo tupu, na humfunga asiweze kuibadili sanamu kila hadithi inapomwia ngumu.

Jua la mahali pale

Wengi wetu tumekulia karibu na ikweta lakini tumesoma hadithi za nchi za mbali, na kwa hiyo kalamu zetu huandika bila kufikiri jioni ndefu zisizokwisha na majira ya baridi yenye mchana mfupi. Si kosa iwapo ulimwengu wako umekusudiwa kuwa hivyo. Kosa ni kuwa hivyo bila kukusudia. Katika pwani ya Afrika Mashariki jua huchomoza karibu na saa kumi na mbili asubuhi mwaka mzima, hutua karibu na saa kumi na mbili jioni, na giza huingia upesi baada ya machweo. Sanamu inayoamka wakati wa machweo katika ulimwengu wa aina hiyo haina saa nzima ya kuzungumza na mtu. Ina dakika chache tu, na haraka hiyo peke yake ni kiini cha tukio.

Jua hilohilo, pamoja na uaminifu wake wa saa, halipiti mahali pamoja mwaka mzima. Dar es Salaam, iliyo takriban digrii 7 kusini mwa ikweta, hupata jua la utosini mwanzoni mwa Machi na tena kabla kidogo ya katikati ya Oktoba, na siku hizo mlingoti uliosimama wima hukosa kivuli kwa muda mfupi adhuhuri. Mwezi Juni jua la adhuhuri huwa upande wa kaskazini, na Desemba huwa upande wa kusini. Fikiria basi sanamu inayotazama kaskazini katika mji ulio mahali kama hapo: jua la adhuhuri huupata uso wake katika miezi ya kusi na kuupata mgongo wake katika miezi ya kaskazi. Tayari una sanamu yenye nusu mwaka wa kusema na nusu mwaka wa kunyamaza, na bado hujatumia uchawi wowote. Nahodha anayeng'oa nanga na upepo wa kusi sanamu ikiwa inasema, akarejea na kaskazi na kuikuta imenyamaza, hana haja ya kumweleza msomaji amekaa baharini muda gani.

Watu wa kale waliijua hesabu hii vizuri sana. Katika hekalu la Abu Simbel, kusini mwa Misri, lililochongwa ndani ya mwamba kwa amri ya Farao Ramesses wa Pili katika karne ya 13 kabla ya Kristo, mionzi ya jua la asubuhi hupenya hadi chumba cha ndani kabisa mara mbili tu kwa mwaka, karibu na tarehe 22 Februari na 22 Oktoba. Katika chumba hicho zimekaa sanamu nne, na mwanga huzifikia tatu: ya Ramesses mwenyewe, ya mungu Amun-Ra na ya mungu Ra-Horakhty. Ya nne, ya mungu Ptah, aliyehusishwa na ulimwengu wa wafu, hubaki kizani. Hekalu hilo lilikatwa vipandevipande na kuhamishiwa mahali pa juu zaidi kati ya 1964 na 1968 ili lisimezwe na maji ya bwawa la Aswan, na wahandisi walijitahidi kulinda mwelekeo wake ili jua liendelee kuingia. Mwandishi anayetaka kujifunza kubuni sanamu inayoitikia mwanga na amtafakari Ptah. Sanamu tatu zinazomulikwa zinapendeza, lakini ile isiyomulikwa ndiyo yenye hadithi, kwa sababu mchongaji aliijua njia ya mwanga barabara kiasi cha kuweza kumnyima mmoja.

Mwezi nao una sheria zake. Mwezi mpevu huchomoza karibu na wakati jua linapotua, mwezi mwandamo huonekana magharibi kwa muda mfupi tu baada ya machweo, na bamvua, yaani maji kujaa na kutoka kuliko kawaida, huja karibu na siku za mwezi mpevu na za mwezi kuandama. Ukiisimamisha sanamu ya mwezi kwenye ufuo, basi usiku inapong'aa kwa nguvu zake zote ni usiku ambao maji pia yamejaa hadi miguuni pake, na anayetaka kuifikia hana budi kuogelea, kupanda ngalawa, au kusubiri maji yatoke. Hilo halihitaji kubuniwa, lipo tayari.

Usisahau hali ya hewa. Amua mapema kinachoipata sanamu masika inapoingia na mawingu kutanda siku nyingi mfululizo, na kinachoipata siku ya kupatwa kwa jua. Tarehe 1 Septemba 2016, watu waliokusanyika Rujewa, mkoani Mbeya, waliliona jua likigeuka pete, na wakati wa kupatwa kwa namna hiyo vitone vya mwanga vinavyopenya katikati ya majani ya miti hugeuka pete pia ardhini. Sanamu yenye matundu, kama zile za Wamakonde za mtindo wa mawingu ambazo huachia nafasi wazi katikati ya mbao, ingejaa pete hizo mwilini. Mwandishi anayejua jambo dogo kama hili ana tukio ambalo msomaji hatalisahau.

Ikiwa ulimwengu wako una majua mawili, au jua la rangi nyingine, fanya hesabu ileile kwa kila jua, na kumbuka kwamba kila kitu kitakuwa na vivuli viwili.

Mwanga upi, na kiasi gani

Jicho letu hutudanganya sana katika jambo hili, kwa kuwa huzoea mwanga wowote linaoupata. Mwanga hupimwa kwa kipimo kiitwacho lux. Jua kali la adhuhuri hutoa kiasi cha lux laki moja. Chumba cha kawaida chenye taa usiku hupata mia moja au mia mbili. Mshumaa mmoja ukiwa umbali wa mita moja hutoa lux 1 hivi. Na mbalamwezi ya mwezi mpevu haifiki hata nusu ya lux. Kati ya jua na mshumaa, basi, kuna tofauti ya mara laki moja, ingawa mtu anayesoma barua kwa mshumaa haoni kwamba ana upungufu mkubwa kiasi hicho.

Panga kiwango kimoja ambacho chini yake sanamu haiitikii, na ukiandike kwenye daftari lako. Kiwango kikiwa cha jua la adhuhuri, hakuna kandili wala karabai itakayoiamsha, na mhusika anayetaka kuiamsha asubuhi na mapema atalazimika kukusanya watu wenye vioo na sinia za shaba zilizosuguliwa ili warudishe mwanga wote mahali pamoja. Kiwango kikiwa cha mbalamwezi, basi sanamu haipati usingizi kamwe mahali penye taa, na wenyeji watalazimika kuifunika. Kila kiwango huleta jamii ya aina yake, na ndiyo sababu uchaguzi huu haufai kuachwa hadi katikati ya hadithi.

Aina ya mwanga ina uzito uleule. Wanaovaa miwani inayogeuka nyeusi juani wanajua kwamba miwani hiyo hubaki karibu na hali yake ya kawaida ndani ya gari hata jua likiwa kali, kwa sababu kinachoigeuza ni miale ya urujuanimno, isiyoonekana kwa macho, na kioo cha mbele cha gari huizuia sehemu kubwa ya miale hiyo. Yapo pia mawe yenye tabia inayokaribiana na hiyo: hakmanaiti hugeuka zambarau ikipigwa na miale hiyo, kisha hufifia polepole ikikaa kwenye mwanga wa kawaida. Sanamu iliyobuniwa kwa kanuni hii inaweza kutambua jua la kweli na kuipuuza taa, na mlaghai anayejaribu kuihadaa kwa mienge mia moja ndani ya pango atashindwa bila mwandishi kulazimika kumwadhibu kwa radi. Vilevile, aleksandraiti huonekana ya kijani kwenye mwanga wa mchana na nyekundu kwenye mwanga wa mshumaa, na tanzanaiti yetu ya Mererani, iliyogunduliwa mwaka 1967, huelemea bluu mchana na zambarau chini ya taa za mwanga wa manjano, tena hubadili rangi kwa kuigeuzageuza tu. Sanamu yenye macho ya vito vya aina hiyo ingekuwa na uso mmoja wa mchana na mwingine wa usiku, na watu wawili walioiona nyakati tofauti wangegombana kwa haki kabisa.

Kitu ilichotengenezwa nacho

Hapa ndipo waandishi wengi huandika neno "uchawi" na kuendelea na safari. Sipingi uchawi. Ninachosema ni kwamba uchawi uliofungwa kwenye kitu chenye uzito, harufu na udhaifu wake humshika msomaji kuliko ule unaoelea hewani, na dunia yetu ina mifano mingi ya kuazima.

Mfano mkubwa kuliko yote ni sanamu mbili za Farao Amenhotep wa Tatu zinazosimama ng'ambo ya mto Nile kutoka Luxor, zenye kimo cha takriban mita 18, ambazo Wagiriki waliziita za Memnon, shujaa wa hadithi zao. Tetemeko la mwaka 27 kabla ya Kristo liliipasua ile ya kaskazini, na baada ya hapo wageni walianza kusimulia kwamba jua linapochomoza sanamu hiyo hutoa sauti. Mwanajiografia Strabo alifika na kuisikia, lakini hakuwa na hakika kama sauti ilitoka kwenye jiwe au kwa watu waliosimama karibu. Kaisari Hadrian alifika mwaka 130 pamoja na mkewe Sabina, na mshairi Julia Balbilla, aliyekuwa katika msafara huo, aliacha mashairi yaliyochongwa kwenye mguu wa sanamu. Maelezo yanayokubaliwa zaidi ni kwamba joto la asubuhi lilikausha umande ndani ya nyufa na kulitanua jiwe lililopoa usiku, na mtikisiko huo ndio uliosikika. Sehemu ya juu ilikuja kujengwa upya kwa matofali makubwa ya mawe, kazi ambayo kwa kawaida huhusishwa na Kaisari Septimius Severus, na sauti haikusikika tena.

Nimelieleza hili kwa urefu kwa sababu lina karibu kila kitu ambacho mwandishi anakihitaji. Sanamu iliitikia kwa sababu ilikuwa imevunjika. Haikuwa ikisema kila siku, na wengine walirudi makwao bila kuisikia. Mtu aliyeipenda ndiye aliyeinyamazisha kwa kuitengeneza. Tena, kilichoiamsha kwa kweli hakikuwa mwanga bali joto na unyevu vilivyofuatana na mwanga, jambo linalompa mwandishi swali zuri la kuwaachia wahusika wake: je, sanamu yetu inaliona jua, au inalihisi tu?

Mifano mingine naipitia kwa haraka. Katika Jumba la Makumbusho la Uingereza, London, kipo kikombe cha kioo cha Warumi cha karne ya 4, chenye picha ya mfalme Lycurgus, ambacho huwa cha kijani mwanga ukikipiga kwa nje na huwa chekundu mwanga ukipita ndani yake, kwa sababu ya chembe ndogo mno za dhahabu na fedha zilizomo katika kioo; sanamu ya kioo cha namna hiyo ingejulikana hasira yake kwa kutazama mtu ameweka taa wapi. Mwanzoni mwa karne ya 17, fundi viatu wa mji wa Bologna, Italia, Vincenzo Casciarolo, alichoma jiwe la mlimani pamoja na makaa na kupata kitu kilichokunywa mwanga mchana na kuurudisha gizani. Mwaka 1873 mhandisi Mwingereza Willoughby Smith alitangaza kwamba seleniamu hupitisha umeme vizuri zaidi ikiwa kwenye mwanga kuliko ikiwa gizani. Miaka hiyohiyo William Crookes alitengeneza kinu kidogo ndani ya tufe la kioo lililopunguzwa hewa, chenye mapanga yaliyopakwa rangi nyeusi upande mmoja na nyeupe upande mwingine, ambacho huzunguka chenyewe kikipigwa na mwanga. Chukua kanuni yoyote kati ya hizi, ikuze hadi ifikie kimo cha mnara, na utakuwa na sanamu yenye mantiki.

Kwa wanaopenda kazi ya mikono ya kwetu, mpingo unafaa sana. Kiini chake ni cheusi na kizito kiasi cha kuzama majini, wakati mbao ya nje ni ya rangi nyepesi, na mchongaji hodari huamua kwa tezo na patasi ni wapi weusi uonekane na ni wapi weupe ubaki. Kitu cheusi hunywa mwanga na kupata joto kuliko cheupe. Sanamu moja yenye sehemu mbili za aina hiyo tayari ina tabia mbili, na kwa kuwa mbao hupasuka ikikauka vibaya, ina hatari yake pia.

Kasi, uchovu na deni

Mara nyingi ninapendelea sanamu inayoitikia polepole. Ile inayoruka mara tu mwanga unapoigusa humshtua msomaji mara moja tu, lakini ile inayochukua asubuhi nzima kufungua kiganja humfanya kila mpita njia kuwa shahidi wa sehemu tu ya jambo. Miwani niliyoitaja hapo juu ina somo la ziada: hugeuka nyeusi upesi na kurudi wazi kwa taratibu. Si lazima kuamka na kulala viwe na kasi moja, na tofauti kati yake ni mahali pazuri pa kuficha tukio. Mwizi anayejua kwamba sanamu huendelea kuona kwa robo saa baada ya jua kutua atasubiri, asiyejua atakamatwa.

Kila mwitikio uwe na deni. Nitatumia mfano mmoja wa kubuni na kuufuata hadi mwisho. Katika bandari ya mji wa mawe ya matumbawe imesimama sanamu ya mwanamke aliyebeba mtungi kichwani, iliyochongwa kwa jiwe linalokunywa mwanga mchana na kuutoa usiku kupitia mdomo wa mtungi, na vyombo huitumia kama mnara wa kuongozea. Sheria yake ni moja: kinachotoka usiku hakiwezi kuzidi kilichoingia mchana. Mwanga unaoingia unatoka wapi? Unatoka kwenye hewa inayoizunguka, na kwa hiyo kivuli chake ni kizito na chenye baridi kuliko kivuli cha ukuta au cha mwembe. Hapo ndipo mambo yanapoanza kujiendesha yenyewe. Wauza samaki watapigania kivuli hicho, kwa kuwa samaki hakai muda mrefu kwenye joto la pwani. Watoto watashindana nani ataweza kukaa ndani yake muda mrefu zaidi. Mama mwenye mtoto mwenye homa atamleta hapo, na mzee mwenye maumivu ya viungo atazunguka mbali. Masika, mwanga wa usiku utafifia na vyombo vitapotea njia au vitalala nje ya mlango wa bandari. Na tajiri akijenga ghorofa upande wa mashariki, atakuwa ameiba saa mbili za mwanga wa asubuhi bila kugusa jiwe hata moja la sanamu, na mashtaka yatakayopelekwa kwa kadhi yatakuwa mashtaka juu ya kivuli.

Angalia kwamba sijamtaja shujaa wala vita. Mji umeshapata siasa, biashara na ugomvi wa majirani kutokana na sheria moja iliyoheshimiwa. Sanamu inayongoja shujaa pekee haina watu wa kuishi nayo, na kitu kisicho na watu wa kuishi nacho hakikumbukwi. Jiulize wenyeji wanapangaje saa zao kwa sanamu hiyo, ni nani anayelipwa kuisafisha vumbi, ni kiapo gani kinachoapwa kwenye kivuli chake, na ni familia ipi inayodai kwamba babu yao ndiye aliyeichonga. Majibu mengi hayataingia katika hadithi, lakini yataonekana katika uhakika wa sentensi zako.

Tengeneza kielelezo

Hatua hii hurukwa na wengi, nami naihimiza kuliko zote. Chukua udongo wa mfinyanzi na ufinyange sanamu yenye kimo cha shubiri moja. Haihitaji kuwa nzuri, ila paji la uso, pua, kidevu, mikono na kila kitu kinachojitokeza viwe mahali pake. Iache ikauke kidogo, kisha iweke katikati ya karatasi kubwa iliyoandikwa kaskazini, kusini, mashariki na magharibi. Funga uzi wenye urefu wa mkono mmoja kwenye tochi ndogo na ushikize ncha ya pili mezani kwenye kitako cha sanamu, ili tochi isikaribie wala kuwa mbali zaidi unapoizungusha. Funga madirisha, zima taa, na uanze upande wa mashariki.

Jua husogea digrii 15 kila saa. Kwa siku ya jua la utosini, inua tochi kutoka mashariki ipite juu kabisa ya kichwa na kushukia magharibi. Kwa Juni, katika mji ulio mahali kama Dar es Salaam, njia ya adhuhuri ilale kiasi cha digrii 30 upande wa kaskazini wa utosi. Kwa Desemba, kiasi cha digrii 17 upande wa kusini. Simama kila baada ya saa moja ya jua lako la tochi, chora kwa penseli ukingo wa kivuli, na uandike kile unachokiona usoni pa sanamu.

Utagundua mambo ambayo huwezi kuyapata kwa kufikiri. Tochi ikiwa chini upande wa mashariki, na sanamu ikitazama huko, mwanga huingia moja kwa moja kwenye matundu ya macho, hujaza mashavu, na kila kosa la kidole chako kwenye udongo huonekana. Inapopanda, paji la uso huanza kuyafunika macho, pua huangusha kivuli juu ya mdomo, na jua likiwa utosini macho huwa mashimo mawili meusi hata kama kila kitu kingine kinawaka. Kwa hiyo, ule mstari ambao huandikwa mara kwa mara, kwamba jua la adhuhuri liliyamulika macho ya sanamu, si kweli kwa sanamu inayotazama mbele katika nchi zetu. Ukitaka macho yapate adhuhuri, mwinue kichwa atazame mbinguni; ukitaka yafumbuke alfajiri na kufumba mchana, mwelekeze mashariki na umpe paji pana, na umbo lenyewe litafanya kazi hiyo. Uamuzi huo mmoja utabadili pia jinsi wahusika wanavyomwelewa, kwa kuwa sanamu inayotazama juu haimtazami mtu yeyote.

Weka karatasi hiyo yenye michoro ya vivuli karibu nawe muda wote unapoandika.

Kuliandika tukio

Taja mwanga kwanza, kisha kile ambacho mwanga umekifanya kwenye kitu kingine cha kawaida, na sanamu ije baadaye. Mtu aliye mahali hapo huona hivyo kwa kweli, kwa sababu macho huvutwa na badiliko kabla ya kujua limesababishwa na nini. Tazama kipande hiki kuhusu yule mwanamke wa mtungi:

"Saa moja asubuhi wingu lilikuwa bado limeilalia bandari, na jiwe la sanamu lilikuwa na rangi ileile ya kijivu ya kuta za forodhani. Wauza samaki walipanga vikapu upande wa magharibi bila kuinua macho. Kisha wingu likachanika. Magamba ya changu yaling'aa kwa mara moja, halafu weusi ukayapitia, na mwanamke aliyekuwa akihesabu mafungu akavuta khanga mabegani na kuendelea kuhesabu."

Hakuna aliyepiga kelele katika kipande hicho, na hakuna neno linalotangaza kwamba jambo hilo ni la ajabu. Khanga iliyovutwa mabegani inatosha, kwa kuwa inaonyesha mtu aliyelizoea. Mgeni akifika baadaye na kushtuka, mshtuko wake utakuwa na kitu cha kupimia. Epuka pia macho yanayowaka moto na sauti nzito itokayo kifuani. Yametumika mno hadi hayamtishi mtu, na mara nyingi hayana uhusiano wowote na mwanga uliotajwa.

Rasimu ikishakamilika, ipitie mara moja kwa ajili ya sanamu peke yake. Kila inapotokea, andika pembeni saa ya tukio, upande ambao jua au mwezi upo, hali ya mawingu, na kiasi cha mwanga ambacho sanamu imeshakipokea tangu jana, kisha linganisha na karatasi ya vivuli. Palipo na mgongano, badilisha tukio na uiache sheria ibaki. Kama sura ya kumi na mbili inataka mtungi uwake sana usiku wa nne wa mvua mfululizo, rudisha usiku huo nyuma hadi kabla ya mvua kuanza, au wape wahusika sababu ya kuwa wameuziba mdomo wa mtungi kwa nguo tangu siku ya mwisho yenye jua, wakijua kwamba kwa kufanya hivyo wameziacha jahazi zilizokuwa njiani ziingie gizani.